Jogoo wa Namba Tisa

Mhariri mmoja wa vitabu aliniomba nimwandikie riwaya ya watoto. Kisa alikuwa nacho tayari kichwani: watoto wa mtaa wanafuga wanyama waliokatazwa, wanawaficha wakubwa, kinatokea kizaazaa, kisha mambo yanaishia kwa furaha. Nikamwambia hayo yote ninayo, ila furaha ya mwishoni ndiyo sina. Nina risiti.

Ploti yetu ilikuwa Kianda, upande wa Kibera unaopakana na mtaa wa Ayany. Milango kumi na miwili, sita ikitazamana na sita, na katikati mtaro ambao kila mtoto alijifunza kuuruka kabla ya kujifunza kusoma. Kila chumba futi kumi kwa kumi. Humo ndani palikuwa na baba, mama, watoto, stovu ya mafuta ya taa, mitungi ya maji ya lita ishirini, meza, kitanda, na pazia la maua lililogawa chumba kikawa viwili kwa imani tu.

Karibu na choo, juu ya mabati, kulikuwa na amri za landilodi zilizoandikwa kwa rangi nyeusi ya mafuta. Ya kwanza: KODI TAREHE 5. Ya pili ilihusu maji machafu, ya tatu ilihusu kelele. Ya nne ndiyo iliyotupata: HAKUNA MIFUGO YA AINA YEYOTE. Mwalimu wetu wa Kiswahili angeikata ile "yeyote" kwa wino mwekundu na kuandika "yoyote", lakini mwalimu naye alikuwa mpangaji mahali fulani, na mpangaji hasahihishi sarufi ya landilodi.

Amri ya nne ilikuwa na historia. Zamani, kabla hatujahamia, mpangaji mmoja alifuga mbuzi. Siku moja ya kodi, landilodi aliweka buku lake la risiti juu ya mtungi akaenda kusalimia watu. Aliporudi, mbuzi alikuwa ameshakula miezi miwili na alikuwa anaingia wa tatu. Nusu ya wapangaji wakaapa kwamba walikuwa wamelipa miezi ile ile iliyoliwa. Mpaka leo landilodi anaamini yule mbuzi alitumwa.

Panya je? Panya tulikuwa nao wengi kuliko wapangaji. Lakini hao hawakufugwa. Walikuja wenyewe, wakakaa wanavyotaka, wala hakuna aliyewadai kodi.

Sasa, katika ploti ile kulikuwa na msichana wa miaka kumi na miwili ambaye sote tulimwita Mwenyekiti. Alikuwa binti wa keateka, yule anayemlindia landilodi nyumba na kumripotia nani kapika nyama na hajalipa kodi. Ungetarajia binti wa mtu wa namna hiyo awe askari wa baba yake. La hasha. Mwenyekiti ndiye aliyekuwa kiongozi wa maasi yote, kwa sababu moja tu: funguo za baba yake zilining'inia msumarini, na mmoja kati yake ulikuwa wa chumba namba tisa. Namba tisa haikuwa na mpangaji. Paa lake lilivuja kiasi kwamba aliyelala ndani na aliyelala nje walilowa sawasawa. Kwa binadamu kilikuwa chumba kibovu. Kwa mifugo kilikuwa ikulu.

Wa kwanza kuingia walikuwa sungura wawili wa watoto pacha wa Mama Omena, jirani yetu. Aliyewauza aliapa kwa jina la mama yake kwamba wote ni madume. Mimba ya sungura huchukua siku 31 hivi. Siku ya 33 tulikuwa na sungura tisa, na nikajifunza mapema kutoamini mtu anayeapa kwa jina la mama yake.

Sungura tisa hula. Ikabidi kila jioni tumzunguke mama mboga, tumwombe majani ya nje ya kabeji, yale anayoyatupa. Mara ya kwanza alitupa bila kuuliza. Mara ya kumi alianza kutuangalia kwa macho ya huruma. Jumapili moja alimfuata mama yangu, akamvuta kando, akamwambia kwa sauti ya msibani, "Mama, kama hali ni ngumu nyumbani, wewe niambie. Watoto wako nimewaona wakila makapi." Mama yangu, ambaye siku ile ile alikuwa amepika matumbo na chapati, alirudi nyumbani akiwa mwekundu kama jiko. Akatukalisha chini, akatulisha chapati nne nne bila kusema neno, kisha akatusimamisha mlangoni ili majirani watuone tumeshiba.

Mtoto wa fundi viatu yeye alileta mbwa mchanga, akamficha ndani ya gunia la viatu vya wateja. Nitasema tu kwamba kwa muda wa wiki tatu wateja wa babake walirudishiwa viatu vya kulia peke yake.

Mimi zamu yangu ilifika Agosti 1997, wakati wa likizo. Nilikuwa na shilingi kumi na mpango wa biashara. Tulitembea na Mwenyekiti kwa miguu mpaka Kawangware, tukipitia Dagoretti Corner, kwa sababu tulisikia kuna mtu anauza vifaranga vya siku moja kwa bei ya kutupa. Kilichofanya bei iwe ya kutupa hatukujiuliza. Siku hizi najua. Kampuni zinazoangua kuku wa mayai huajiri watu wa kumgeuza kila kifaranga na kumtazama nyuma, wakatenga majike na madume. Majike huenda kwa wafugaji kwa bei nzuri. Madume ya aina hiyo hayatagi, wala hayanenepi haraka kama kuku wa nyama, kwa hiyo hupewa mtu yeyote mwenye katoni na ujasiri wa kusema uongo. Yule wa Kawangware alikuwa navyo vyote viwili.

"Huyu ni jike," aliniambia, akimnyanyua kifaranga mbele ya jua. "Tazama macho yake. Ni ya mama."

Nilitazama. Yalikuwa ya mama kweli. Nikamwita Malkia, nikamweka ndani ya shati, na njia nzima ya kurudi tulipiga hesabu ya mayai. Yai moja kila siku, mara siku thelathini, mara bei ya dukani. Kufika Olympic, karibu na nyumbani, nilikuwa nimeshanunua baiskeli.

Ndio maana mwaka 2025 niliposoma habari za wale vijana wawili wa Ubelgiji nilicheka peke yangu kwenye matatu. Walikamatwa Naivasha wakiwa na malkia wa chungu wapatao 5,000, wamewatia kwenye vichupa vyenye pamba tayari kuwasafirisha, na mahakama ikawatoza faini ya shilingi milioni 1 kila mmoja au jela miezi 12. Wao angalau jinsia ya malkia wao waliijua.

Oktoba ile ya 1997 walimu wakagoma nchi nzima, nasi tukapata muda wa kutosha wa ufugaji. Mwezi huo huo ikaanza ile mvua. Mliokuwapo mnaikumbuka: Elnino. Neno hilo hatukuwa tumelisikia, lakini kabla ya Krismasi kila mtu Kibera alilitumia, na dimbwi lolote, deni lolote, mwanamume yeyote mlevi aliitwa Elnino. Kianda ikawa tope mpaka magotini. Namba tisa ikawa mto. Tuliwahamishia wanyama juu ya kitanda kibovu kilichoachwa humo, tukawafunika kwa karai na gunia, wakaishi kama kwenye safina bila Nuhu.

Kwa Malkia mvua ile ilikuwa neema. Kwanza, mlio wa matone juu ya mabati ulimeza sauti yake yote. Pili, kila mvua ilipokatika kumbikumbi walitoka ardhini kwa maelfu, wakazunguka taa ya nje, wakaanguka. Tulijaza mikebe. Ukiongeza vichwa vya omena na ukoko wa ugali niliouficha mfukoni, huyo kuku alikula vizuri kuliko askari jela. Akanawiri. Kichwani kikaota kitu chekundu, kikubwa, chenye meno meno.

"Kuku jike hana kishungi kikubwa hivyo," alisema mmoja wa pacha.

"Huyu ni Malkia," akajibu Mwenyekiti. "Hilo ni taji."

Hoja ikapita bila kupingwa.

Msidhani sikujaribu njia halali. Darasa letu lilipelekwa safari ya Kituo cha Twiga, Lang'ata, si mbali na kwetu. Pale tulielezwa kwamba mwaka 1974 Betty na Jock Leslie-Melville walimlea ndama wa twiga aitwaye Daisy nyumbani kwao, na kwamba twiga wa jirani huingiza vichwa madirishani wakati wa kifungua kinywa, wakala mezani na wageni. Betty aliandika kitabu. Kabla yake Joy Adamson alimlea Elsa, simba mzima, akaandika kitabu mwaka 1960 na kikatengenezewa filamu. Watoto wengine walipiga makofi. Mimi niliinua mkono, nikamwuliza yule mama aliyetuongoza, "Landilodi wao anajua?"

Alicheka mpaka akaketi. Mimi nilikuwa nauliza kwa dhati. Unafuga twiga wa futi kumi na tano na hakuna anayekwambia lolote; mimi kuku wangu anatosha kwenye katoni ya Blue Band na ni haramu. Keateka alikuwa akisema si landilodi tu, hata kanjo, yaani baraza la jiji, wamekataza mifugo mjini. Mwaka 2015 Kaunti ya Nairobi ilipitisha sheria ya kilimo cha mjini, na sasa ufugaji waweza kuruhusiwa kwa kibali. Malkia angekuwa na miaka kumi na minane.

Tarehe 2 Desemba, saa kumi alfajiri, mvua ilikuwa imenyamaza. Ndipo namba tisa ikatoa sauti.

Wahenga walisema jogoo la shamba haliwiki mjini. Ni kweli. Lakini Malkia hakuwa wa shamba. Alianguliwa kwa mashine, akalelewa Kianda, akanyweshwa maji ya mtungi. Alikuwa mtu wa mjini kabisa, na aliwika kama manamba wa matatu anayetafuta abiria wa mwisho. Nililala pale chini ya meza, macho wazi, nikiona baiskeli yangu ikiyeyuka gizani.

Wakati wowote mwingine ingekuwa aibu ndogo tu. Lakini uchaguzi mkuu ulikuwa tarehe 29 mwezi huo huo, na jogoo hakuwa kuku tena. Jogoo alikuwa alama ya KANU, chama cha Rais Moi. Kibera wakati huo ilikuwa sehemu ya eneo bunge la Lang'ata, na mbunge wetu tangu 1992 alikuwa Raila Odinga, ambaye mwaka ule aligombea urais kwa tikiti ya NDP, chama cha trekta. Hapo kwetu siku hizo ukisema "Tinga", yaani trekta, mlangoni unakaribishwa chai. Ukionyesha kidole kimoja juu, ile ishara ya watu wa jogoo, unaombwa uende nacho nyumbani kingali kizima.

Kulipopambazuka, wanaume wote wa ploti walikuwa wamesimama uani na miswaki mdomoni.

"Nani anampigia jogoo kampeni hapa?"

"Wamefungua tawi."

"Ni kaseti. Nimesikia wana kaseti, wanawachezea watu usingizini."

Fundi viatu alisema yeye hajali vyama, ila kama kuna jogoo basi aliwe, kwani kumla jogoo nako ni kura. Nilihisi tumbo likikoroga.

Tulifanya kila tuliloweza kumnyamazisha. Mtu alituambia jogoo huwika akiona mwanga, basi tukamfunika kwa karai, juu ya karai gunia, juu ya gunia blanketi la Mwenyekiti. Saa kumi kamili akawika kutoka chini ya hayo yote, na karai likampa mwangwi. Miaka mingi baadaye nilisoma kwamba watafiti wa Chuo Kikuu cha Nagoya, Japani, waliwaweka majogoo kwenye mwanga hafifu usiobadilika na bado wakawika kila asubuhi kwa wakati, kwa sababu saa wanayo mwilini. Hayo yalichapishwa mwaka 2013. Sisi tuliyagundua 1997, bila ufadhili, na blanketi likapotea.

Mtoto wa fundi akasema jogoo hawezi kuwika asiponyoosha shingo, basi tumtie kwenye boksi fupi. Hilo lilisaidia siku moja. Siku ya pili boksi lililowa kwa mvua, likalainika, na Malkia akalitoboa kwa taji lake, akawika kichwa kikiwa nje kama dereva wa lori.

Tarehe 5 ilikuwa Ijumaa. Landilodi alikuja, kama kawaida, akiwa na koti refu lililofungwa vifungo vyote hadi shingoni ingawa jua lilikuwa limetoka. Nyuma yake alikuja kijana mmoja mwembamba anayetafuta chumba. Sisi watoto tulijua chumba ni kipi. Mwenyekiti alikimbilia msumari. Ufunguo ulikuwa umeshachukuliwa.

Mlango wa namba tisa ulifunguliwa. Sungura tisa waligeuka. Mbwa alitoka na kiatu cha kushoto. Na juu ya karai, kifua mbele, Malkia alimtazama landilodi machoni, akawika.

Ploti nzima ilikusanyika mlangoni. Keateka alikuwa akiapa kwamba hajui lolote, na kwa mara ya kwanza katika maisha yake alikuwa anasema ukweli. Landilodi hakusema kitu. Jasho lilimtiririka. Akafungua kifungo cha kwanza cha koti, cha pili, cha tatu ili apate hewa, na hapo sote tukaona fulana aliyokuwa ameificha. Kifuani, jogoo. Mwekundu, mkubwa, taji juu.

Kimya. Mtu mzima aliyetukataza kufuga alikuwa amevuka Kibera nzima na jogoo wake chini ya koti.

Alijifunga vifungo haraka, lakini maji yalikuwa yamemwagika. Fundi viatu alianza kukohoa kikohozi kisicho cha ugonjwa. Landilodi akaona heri apate faida kwenye hasara. Akainama, akamshika Malkia miguu, akampakata. "Huyu," akasema, "nitamwazima. Kuna mkutano Jumapili, huko kwingine, na majogoo yameadimika. Nitamrudisha uchaguzi ukiisha."

"Mzee," sauti ya mama yangu ilitoka nyuma ya umati. "Huyo ana mwenyewe."

"Wewe Mama Namba Tano, unataka tuzungumze juu ya amri ya nne?"

"Mzee anataka tuzungumze juu ya fulana?"

Hawakuzungumza juu ya chochote. Malkia aliondoka.

Yule kijana mwembamba alikuwa bado ndani ya namba tisa. Hakutazama paa linalovuja wala sakafu iliyojaa maji. Aliwatazama sungura. "Hawa," aliuliza kwa upole, "wamo kwenye kodi?" Alihamia jioni ile ile. Sungura walikuwa tisa, na hesabu ikawa inapungua mmoja kila Jumapili.

Malkia tulimwona mara moja tu, kwenye Ngong Road. Pikapu ilipita ikiimba, na juu yake mtu alikuwa amemnyanyua kwa mkono mmoja huku mkono wa pili ukionyesha kidole kimoja. Nina hakika alikuwa yeye. Taji lile halina pacha. Mwenyekiti alipiga kelele "Malkia!" na watu wa pikapu, wakidhani ni shangwe, wakatutupia kofia.

Kura zikapigwa tarehe 29, na kwa sababu ya mvua na vifaa vilivyochelewa zikaendelea hadi siku ya pili yake. Moi akatangazwa mshindi, Kibaki wa pili, Raila wa tatu. Rais akaapishwa tarehe 5 Januari 1998, ambayo, kama amri ya kwanza ilivyosema, ilikuwa pia siku ya kodi. Landilodi alifika kwetu jioni, koti limefunguliwa wazi, fulana nje, anapepesuka kidogo.

"Mzee," nikamwuliza kabla mama hajanizuia, "jogoo yuko wapi?"

Akanishika kichwa kwa upendo. "Jogoo ameshinda, kijana wangu. Ameenda Ikulu."

Wazee wote walicheka. Mama hakucheka. Aliingia ndani ya pazia, akatoka na pesa za kodi, akazihesabu mezani noti moja moja, na zilipofika shilingi mia tano akasimama. Kodi ilikuwa mia saba.

"Imepungua," akasema landilodi.

"Haijapungua. Agosti kifaranga shilingi kumi. Vichwa vya omena miezi minne, nilikuwa nawawekea kwenye kikopo nyuma ya stovu kila jioni. Ukoko kila usiku, na mimi ndiye niliyekuwa nauacha kwenye sufuria makusudi. Bei ya jogoo sokoni kabla ya Krismasi, kaulize. Mia mbili nimekuonea huruma kwa sababu umeshinda."

Nilimtazama mama yangu. Miezi minne nilikuwa nimejiona jasusi.

Landilodi alivuta kiti, akaketi, akatoa buku jipya la risiti, akaangalia kwanza kulia na kushoto kama kuna mbuzi. Kisha akaandika. Mama akaisoma, akamrudishia, kwa sababu alikuwa ameandika "kuku". Akamtaka aandike jina lenyewe. Risiti hiyo ninayo hadi leo, kwa wino wa buluu: Mama Namba Tano, kodi ya Januari 1998, shilingi 500 taslimu, na jogoo mmoja.